Mshahara na Cheo Mbele ya Jaji: Jinsi Mahakama Inavyopima Mizozo ya Watumishi wa Umma

Tarehe 12 Julai 2019, Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi jijini Nairobi ilitoa uamuzi katika kesi ambayo Chama cha Kitaifa cha Walimu, KNUT, kilikuwa kimeishtaki Tume ya Huduma za Walimu, TSC. Chama kilipinga mambo manne: mwongozo mpya wa kupandisha walimu vyeo, utaratibu wa kutathmini utendakazi wao, mafunzo ya kuendeleza taaluma, na uhamisho wa walimu kutoka maeneo ya nyumbani kwao. Kuhusu vyeo, Jaji Byram Ongaya alikubaliana na chama. Wanachama wake wangeendelea kupandishwa kwa kufuata miundo ya utumishi iliyokuwapo awali, ambayo ilitambua vyeti vya masomo ya juu.

Habari hizo zilipokewa kwa furaha na walimu wa shule za msingi waliokuwa wamerudi vyuoni kwa gharama yao wenyewe, wengi wao wakati wa likizo, wakitafuta diploma au shahada. Chini ya miundo ya zamani, cheti kipya kiliweza kumtoa mwalimu katika kundi moja la kazi na kumpeleka katika kundi la juu. Mwongozo uliotolewa mwaka 2017 ulikuwa umeufunga mlango huo. Uliondoa makundi ya kazi ya zamani na kuweka gredi zinazoanzia B5, anakoingilia mwalimu wa shule ya msingi, hadi D5, ya mwalimu mkuu wa ngazi ya juu kabisa. Tangu hapo, kupanda kukategemea kuwapo kwa nafasi, matokeo ya tathmini na usaili.

Ushindi huo, hata hivyo, ulileta hali ambayo wachache waliitarajia. Mnamo Oktoba 2016, TSC na vyama vya walimu vilikuwa vimetia saini mkataba wa makubaliano ya pamoja wa miaka minne, kuanzia Julai 2017, wenye thamani ya Shilingi bilioni 54 zilizogawanywa katika awamu nne. Mishahara katika mkataba huo ilipangwa kwa kufuata gredi mpya. Tume ilichukua msimamo kwamba, ikiwa wanachama wa KNUT hawasimamiwi na mwongozo mpya, basi hawawezi pia kulipwa kwa gredi za mwongozo huo. Awamu ya tatu ilipofika Julai 2019, walimu wengine waliongezwa mshahara na wanachama wa KNUT wakaachwa. Katika ofisi moja ya walimu wakawa wanaketi watu wawili wenye kazi ileile na miaka ileile kazini, lakini hati zao za malipo zikitofautiana. Kilichowatenganisha ni uanachama wa chama.

Walimu walijiondoa kwa maelfu. Chama kilichokuwa na zaidi ya wanachama 180,000 kilibaki na sehemu ndogo ya idadi hiyo, hadi uongozi wake ulipobadilika katikati ya mwaka 2021 na mazungumzo na mwajiri yakaanza upya.

Hatua ya kutenganisha orodha za mishahara ilizua maswali yake ya kisheria, kwa kuwa Sheria ya Mahusiano ya Kazi ya mwaka 2007 huutazama mkataba wa pamoja kuwa unawafunga wafanyakazi wote wanaostahili kuwakilishwa na chama, wawe wanachama au la. Hata hivyo, kesi hiyo inaonyesha jambo ambalo mara nyingi hupotea katika vichwa vya habari. Mahakama inaposema kwamba mwajiri amekosea njia, haijasema bado kwamba mtumishi alipwe kiasi gani. Hayo ni maswali mawili, na sheria ya Kenya imeyaweka mikononi mwa taasisi tofauti. Mtumishi anayeingia mahakamani bila kuitambua tofauti hiyo huweza kushinda la kwanza akapoteza la pili.

Nani hupanga, nani hupima

Katiba ya mwaka 2010 iligawa madaraka juu ya mtumishi wa umma kwa makusudi. Kuajiri, kupandisha vyeo, kuhamisha na kuadhibu walimu ni kazi ya TSC chini ya Kifungu cha 237. Tume ya Utumishi wa Umma, PSC, ina madaraka kama hayo kwa watumishi wengi wa serikali ya kitaifa, nazo bodi za utumishi wa umma za kaunti kwa wafanyakazi wa kaunti. Fedha zimewekwa pembeni. Kifungu cha 230 kimeipa Tume ya Mishahara na Marupurupu, SRC, jukumu la kupanga malipo ya maafisa wa Serikali kama vile mawaziri, wabunge na majaji, na pia la kuzishauri serikali ya kitaifa na za kaunti kuhusu malipo ya watumishi wengine wote wa umma.

Mizozo inayotokana na mgawanyo huo huenda katika mahakama maalumu. Tangu mwaka 1964 Kenya ilikuwa na Mahakama ya Viwanda, iliyotatua mizozo kati ya waajiri na vyama vya wafanyakazi. Katiba, katika Kifungu cha 162, iliagiza kuundwa kwa mahakama ya ajira yenye hadhi sawa na Mahakama Kuu, na sheria ya mwaka 2011 ikaiunda. Mahakama Kuu yenyewe imezuiwa kusikiliza kesi za aina hiyo, na kesi iliyofunguliwa katika mlango usio wake hupoteza miezi kabla ya hoja ya kwanza kusikizwa.

Neno "kuzishauri" katika jukumu la SRC ndilo lililobeba mzigo wa kesi kubwa kuliko zote kuhusu mishahara ya watumishi wa umma nchini. Tarehe 30 Juni 2015, Jaji Nduma Nderi wa mahakama ya ajira aliamuru walimu waongezwe kati ya asilimia 50 na 60 ya mshahara wa kimsingi, kwa kipindi cha miaka minne kilichohesabiwa kuanzia Julai 2013. Serikali ilisema haina fedha hizo. Muhula wa tatu ulipoanza mwezi Septemba, walimu waligoma na shule za umma zikakaa wiki kadhaa bila masomo, huku watahiniwa wa darasa la nane na kidato cha nne wakikaribia mitihani yao.

Tarehe 6 Novemba mwaka huohuo, jopo la majaji watano wa Mahakama ya Rufaa lilifutilia mbali nyongeza hiyo. Kiini cha uamuzi wao ni kwamba ushauri wa SRC kuhusu mishahara unafunga. Mwajiri wa umma hawezi kukubaliana na chama kuhusu kiwango cha malipo bila kupata ushauri huo, na mahakama nayo haiwezi kuupuuza na kuweka kiwango chake. Hakuna aliyesema kwamba walimu walikuwa wakilipwa vizuri. Swali hilo halikuwa mbele ya Mahakama ya Rufaa. Lililokuwapo ni nani mwenye kalamu ya kuandika kiwango hicho, na jibu lilikuwa kwamba jaji si miongoni mwao.

Tangu uamuzi huo, kila mazungumzo ya mishahara katika sekta ya umma hupitia hatua ileile: mwajiri huomba ushauri wa SRC kuhusu kiasi kinachoweza kutolewa, kisha hujadiliana na chama ndani ya mipaka hiyo, na baada ya kutia saini hupeleka mkataba kusajiliwa na mahakama ya ajira. Usajili unaweza kuonekana kama kazi ya karani, ilhali sheria inasema mkataba hupata nguvu ya kutekelezwa ukishasajiliwa. Madaktari wa hospitali za umma wanalijua hilo vyema. Makubaliano waliyotia saini na Wizara ya Afya tarehe 27 Juni 2013 hayakuwa yamesajiliwa, na ubishi kuhusu uhalali wake ulikuwa kiini cha mgomo uliodumu siku 100, tangu tarehe 5 Desemba 2016 hadi tarehe 14 Machi 2017. Wagonjwa waliokosa huduma katika siku hizo hawakuwa na sehemu yoyote katika makubaliano hayo.

Cheo: haki ya kushindania

Katika mizozo ya vyeo, wengi hufika mahakamani wakiamini kwamba miaka mingi kazini ni dai linalojitosheleza. Mahakama zimeshikilia mara kwa mara kwamba kupandishwa cheo ni uamuzi wa mwajiri, na kwamba jaji hatakaa kwenye kiti cha jopo la usaili kuamua nani alijibu vizuri. Anachostahili mtumishi ni nafasi ya haki ya kushindania cheo hicho. Kifungu cha 232 cha Katiba kinataka uteuzi na upandishaji vyeo ufanywe kwa ushindani wa haki na kwa kustahili, na wanawake kwa wanaume, watu wa jamii zote na watu wenye ulemavu wapewe fursa sawa. Kifungu cha 47 kinampa kila mtu haki ya uamuzi wa kiutawala ulio halali, wa busara na wenye kufuata utaratibu, na haki ya kupewa sababu kwa maandishi pale uamuzi unapomwathiri vibaya. Kifungu cha 236 kinakataza mtumishi kushushwa cheo au kuadhibiwa bila utaratibu wa sheria kufuatwa.

Kwa lugha ya kawaida, jaji huuliza maswali kama haya. Je, nafasi ilitangazwa ili wanaostahili waombe? Je, sifa zilizotumika kuchuja waombaji ndizo zilizoandikwa katika muundo wa utumishi, au zilibadilishwa njiani? Je, walioathiriwa na mwongozo mpya walishirikishwa kabla haujaanza kutumika? Je, aliyeachwa alielezwa sababu? Je, watu wawili waliofanana kwa kila jambo la maana walitendewa tofauti, na kama ndivyo, kwa nini?

Chukua mfano wa kufikirika wa muuguzi wa kaunti aliyeajiriwa akiwa na stashahada na ambaye, kwa mujibu wa muundo wa utumishi wa kada yake, alistahili kufikiriwa kupandishwa baada ya miaka mitatu. Miaka saba imepita na jina lake halijawahi kufikishwa mbele ya bodi, ilhali wenzake wawili walioajiriwa baada yake wamepanda. Akidai kwamba anastahili kuwa afisa muuguzi mwandamizi, dai lake ni dhaifu. Akidai kwamba muundo uliahidi kufikiriwa, kwamba hakufikiriwa, kwamba aliandika barua mara mbili bila kujibiwa, na kwamba waliopanda hawakuwa na sifa zaidi yake, amelileta jambo ambalo mahakama ina mizani ya kulipimia. Huenda agizo atakalopata likawa ni bodi kuamriwa kulifikiria jina lake katika muda maalumu. Wengi huliona agizo la namna hiyo kuwa dogo, ingawa mara nyingi ndilo lililozibua mfereji uliokuwa umeziba kwa miaka.

Suala la kukaimu nalo huleta kesi nyingi. Sheria ya Tume ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2017 inasema mtu asikaimu nafasi kwa muda unaopungua siku 30 wala kuzidi miezi sita. Katika maisha halisi wako waliokaimu kwa miaka. Kukaimu kwa muda mrefu hakumpi mtu cheo hicho, kwa kuwa cheo hupatikana kwa ushindani. Kunaweza kumpa, hata hivyo, dai la posho ya kukaimu ikiwa aliteuliwa kwa maandishi na akafanya kazi hiyo. Barua ya uteuzi hapo ndiyo kila kitu. Maagizo ya mdomo kutoka kwa mkuu wa idara, hata yakijulikana na ofisi nzima, ni magumu kuthibitisha baada ya mkuu huyo kuhamishwa.

Kwa watumishi wanaokaribia kustaafu, cheo hugusa zaidi ya hadhi. Katika mpango wa zamani wa pensheni, ambao bado unawahudumia wengi wa walioajiriwa kabla ya mpango wa kuchangia kuanza Januari 2021, pensheni hukokotolewa kutokana na mshahara wa mwisho, kwa kiwango cha sehemu moja ya 480 kwa kila mwezi wa utumishi. Mtu aliyefanya kazi miaka 30, yaani miezi 360, hupata robo tatu ya mshahara huo. Ikiwa alistahili kupanda na kuongezewa Shilingi 8,000 kwa mwezi lakini hakupandishwa hadi siku ya kustaafu, hasara ya mshahara itakoma siku hiyo. Upungufu wa Shilingi 6,000 kila mwezi katika pensheni, kabla ya hesabu za kiinua mgongo, utamfuata maisha yake yote. Ndiyo maana mizozo ya kuchelewa kupandishwa haifi pale mtumishi anapokabidhi ofisi.

Ngazi za kupanda kabla ya mahakama

Kesi nyingi za watumishi wa umma hutupwa kabla jaji hajafungua ukurasa wa mishahara. Sababu ni kwamba mlalamishi aliruka ngazi. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya mwaka 2015 inazuia mahakama kupitia uamuzi wa kiutawala hadi njia za ndani za rufaa zimalizike, isipokuwa katika hali za kipekee ambazo mlalamishi ameziombea ruhusa.

Kwa wafanyakazi wa kaunti ngazi hiyo imeandikwa wazi zaidi. Sheria ya Serikali za Kaunti, katika kifungu cha 77, inampa mtumishi asiyeridhika na uamuzi wa bodi au wa ofisa wa kaunti haki ya kukata rufaa kwa PSC. Rufaa huwa ya maandishi na hupaswa kufika ndani ya siku 90 tangu tarehe ya uamuzi, ingawa tume inaweza kuipokea iliyochelewa kukiwa na sababu za kutosha. Sheria ya PSC ya mwaka 2017 inaongeza kwamba hakuna atakayekwenda mahakamani kuhusu jambo hilo kabla ya kumaliza utaratibu huo. Mahakama ya Rufaa ilisisitiza msimamo huo mwaka 2017 katika kesi iliyotoka kaunti ya Wajir, na majaji wa mahakama ya ajira wameufuata tangu wakati huo.

Wako wanaoona sharti hili kuwa kikwazo kilichowekwa ili kuwachosha. Malalamiko hayo hayakosi msingi pale rufaa inapokaa muda mrefu bila kuamuliwa. Lakini ngazi hiyo ina faida ambayo mahakama haina: PSC inaweza kuuchunguza uamuzi wenyewe, sifa za waombaji na alama walizopata, na kutoa uamuzi mwingine mahali pake, jambo ambalo jaji hulifanya kwa tahadhari kubwa. Kwa mzozo wa cheo, rufaa iliyoandaliwa vizuri katika ngazi hii mara nyingi ina uzito kuliko kesi ya haraka mahakamani.

Muda nao hausubiri. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, inayoifunga Serikali pia isipokuwa kwa wanajeshi, polisi, askari magereza na wachache wengine, inataka madai yanayotokana na mkataba wa ajira yafunguliwe ndani ya miaka mitatu. Kwa madhara yanayoendelea, kipindi ni miezi 12 tangu yalipokoma. Mabishano kuhusu iwapo kulipwa chini ya kiwango kila mwezi ni dhara moja lililotokea siku ya kwanza au ni dhara linalojirudia yamejaza kurasa nyingi za hukumu, na mtumishi mwenye busara hatajiweka mahali pa kuyahitaji. Kuandikiana barua na wizara hakusimamishi saa hiyo.

Mahakama ya ajira, kwa upande wake, haikuundwa kuwa ngome ya mawakili pekee. Sheria iliyoiunda inamruhusu mtu kujisimamia mwenyewe au kuwakilishwa na ofisa wa chama chake cha wafanyakazi, na inaitaka isifungwe mno na ufundi wa taratibu. Husikiliza kesi Nairobi, Mombasa, Kisumu, Nakuru, Nyeri, Eldoret, Kericho na miji mingine. Kinachomwangusha anayejisimamia huwa ni karatasi: nakala ya muundo wa utumishi uliotumika wakati huo, barua ya kwanza ya ajira, barua za kuthibitishwa kazini, hati za malipo za miezi inayobishaniwa, tangazo la nafasi, na nakala ya kila barua aliyoandika ikiwa na mhuri wa kupokelewa.

Baada ya hukumu

Aliyeshinda dhidi ya mwajiri wa kawaida na asilipwe anaweza kumtuma dalali wa mahakama kukamata mali. Dhidi ya Serikali njia hiyo haipo. Sheria ya Mashtaka ya Serikali, katika kifungu cha 21, inakataza kukamata au kuuza mali ya umma ili kulipa deni la hukumu, na kanuni hiyo hutumika pia kwa serikali za kaunti. Sababu yake inaeleweka: gari la wagonjwa la kaunti likipigwa mnada kwa ajili ya malimbikizo ya mfanyakazi mmoja, watakaoumia ni wengi wasiohusika.

Badala yake, mshindi huomba mahakama impe cheti cha agizo, kinachoonyesha kiasi anachodai. Cheti hicho hupelekwa kwa afisa anayesimamia fedha za taasisi husika, ambaye katika wizara huwa ni katibu wa wizara. Asipolipa, mshindi hurudi mahakamani kuomba amri ya kumlazimisha afisa huyo, kwa jina la cheo chake, kutekeleza wajibu wa kulipa. Akikaidi amri hiyo ndipo huweza kuitwa kujibu shtaka la kuidharau mahakama, ambalo adhabu yake inaweza kuwa kifungo. Hizo ni safari tatu za mahakamani baada ya ushindi, na kati ya kila safari kuna mwaka wa fedha unaomalizika tarehe 30 Juni.

Tarehe hiyo ina uzito kuliko inavyodhaniwa. Afisa wa fedha hawezi kulipa kile ambacho hakikutengewa fungu katika bajeti iliyopitishwa na Bunge au bunge la kaunti. Cheti kinachowasilishwa mwezi Mei, makadirio yakiwa yameshaandaliwa, kina uwezekano mkubwa wa kuambiwa kisubiri mwaka unaofuata. Kinachowasilishwa kabla ya Desemba hukuta makadirio bado mezani, na jina la mdai linaweza kuingizwa katika orodha ya madeni ambayo hazina ya taasisi husika hupeleka kuidhinishwa.